Lisbon kwa Miguu: Watu Wanane na Swali Moja la Kilwa

Kuna wapenzi wanaogombana kwa sababu ya pesa, na kuna wanaogombana kwa sababu ya simu. Mimi na mume wangu, tukiwa safarini, tunagombania ramani. Yeye ni mhandisi, anaamini kila mji una mantiki yake na ukishaipata hupotei. Mimi naamini kuuliza watu. Tukifika mji mgeni, nusu saa ya kwanza ni ya kushikana mikono, nusu saa ya pili ni ya “si nilikwambia tupite kule?” Najua hatuko peke yetu. Kwa barua zinazofika mezani kwangu hapa ofisini, fungate za watu zimeingia doa kwa mambo madogo kuliko hayo.

Ndiyo maana tulipoamua kusherehekea miaka minane ya ndoa huko Lisbon, mji mkuu wa Ureno, ramani tuliiweka pembeni. Tulilipia matembezi ya kuongozwa, yale ya kikundi kidogo: watu wasiozidi wanane, kwa miguu, saa tatu na ushei. Hapo hakuna basi la ghorofa mbili wala kaseti ya kusikiliza masikioni. Mwongoza watalii yuko mbele, ninyi mko nyuma yake, na mji umewazunguka pande zote.

Usidharau suala la idadi, msomaji wangu. Asubuhi ile tuliona makundi ya watu arobaini yakifuata mwavuli kama vifaranga wanaomfuata mama yao. Wa mbele wanasikia, wa katikati wanasikia nusu, wa nyuma wanajipiga picha tu. Kwenye msafara wa namna hiyo huwezi kuuliza kitu. Ukiuliza unaonekana unawachelewesha wenzako. Lakini mkiwa wanane mtajuana kabla ya kona ya pili, na mwongozaji anaweza kupindisha njia kwa ajili ya swali la mtu mmoja. Sisi lilitutokea, na kusema ukweli ndiyo sababu nimekaa chini kuandika makala haya badala ya kumwachia mtu mwingine ukurasa.

Kwa nini Lisbon?

Marafiki walituuliza mbona hatuendi Paris. Paris ni mji bomba, hakuna ubishi. Ila sisi wote wawili ni watu wa Kusini, wa mkoa wa Lindi. Mama yangu alikulia Nachingwea, na kwao mume wangu ni Kilwa. Mtu wa Kilwa hahitaji kufundishwa Mreno ni nani. Akiwa mtoto wa shule alivushwa na jahazi hadi Kilwa Kisiwani, akaonyeshwa magofu ya msikiti mkubwa, na lile boma la ufukweni ambalo mpaka leo linaitwa Gereza.

Halafu kuna lugha. Siku ya kwanza mgahawani mume wangu alisoma maneno ya Kireno kwa sauti huku akicheka peke yake: mesa, copo, vinho. Meza, kopo, mvinyo! Jioni ile tukawa tunashindana kuokota mengine: bendera, leso, foronya, parafujo, padri, karata. Hata hilo gereza, wataalamu wa lugha wanalitoa kwenye igreja, yaani kanisa. Kanisa limegeukaje jela? Jibu liko kwenye kuta za yale maboma ya pwani, na sitaki kuliharakisha hapa. Na ile leso unayomnunulia mama mkwe, inasimuliwa kwamba ilianza kwa wanawake wa pwani kununua vitambaa vya Kireno, wakashona sita pamoja wakapata vazi. Kwa hiyo tulipofika Lisbon hatukujiona wageni kabisa. Tulijiona kama watu waliofika kwa jamaa wa mbali ambaye bado hamjamaliza naye hesabu.

Saa tatu asubuhi, ukingoni mwa Tejo

Tulikutana Praça do Comércio, uwanja mkubwa unaotazama mto Tejo, wenye sanamu ya mfalme José wa Kwanza juu ya farasi. Mwongozaji wetu alikuwa dada wa miaka thelathini hivi, msomi wa historia, amevaa raba zilizolika visigino, na ana sauti ya mwalimu wa darasa la kwanza. Alituongoza kwa Kiingereza. Wenzetu walikuwa wapenzi wawili kutoka Brazili, wastaafu wawili Wajerumani, mama mmoja wa Cape Verde aliyeishi Lisbon miaka mingi na hakuwahi kuutembea mji wake, na kijana wa Kikorea ambaye sikumsikia akisema neno mpaka tulipofika kwenye keki.

Wenyeji bado wanapaita hapo Terreiro do Paço, uwanja wa kasri, kwa sababu kasri la mfalme lilikuwa papo hapo. Pembeni mwake, alieleza dada yule, ilikuwapo Casa da Índia, ofisi ya serikali iliyosimamia biashara yote ya Afrika na Mashariki: pilipili, mdalasini, pembe za ndovu, dhahabu. Meli zilitia nanga mbele ya dirisha la mfalme.

Mume wangu, ambaye huwa haulizi kitu hata akipotea, akanyanyua mkono kama mtoto wa shule. “Dhahabu ya Kilwa iliingilia hapa?”

Dada akakunja uso. Kilwa? Mume wangu akarudia, polepole. Ndipo uso ukafunguka. “Ah, Quíloa!” Akamtazama kwa muda kidogo, akauliza kama ndiko anakotoka. Alipojibiwa ndiyo, akatugeukia wote na kusema kwamba kituo kilichofuata kilikuwa lifti ya chuma ya Santa Justa, ile ya mwaka 1902, lakini foleni yake ni ndefu. Kama hakuna mwenye kinyongo angependa kuiruka, ili tupate muda zaidi sehemu nyingine mbili. Na jibu la swali atalitoa mwishoni, kwa sababu jibu lenyewe lina mahali pake na mtu anaweza kwenda kuliona kwa macho. Wabrazili wakasema twende. Hebu jaribu kuomba hivyo ukiwa mtu wa thelathini na nane nyuma ya mwavuli.

Mji uliosimamishwa upya

Ukitoka uwanjani kupitia tao kubwa unaingia Baixa, na hapo nilimpoteza mume wangu kwa raha zake. Tarehe 1 Novemba 1755, siku ya Watakatifu Wote, asubuhi watu wakiwa kanisani, tetemeko kubwa la ardhi liliupiga mji. Waliokimbilia ufukweni kujiokoa walikutwa na mawimbi ya tsunami. Mishumaa ya makanisani ikaangukia mapazia na mbao, moto ukawaka siku kadhaa. Watu makumi ya maelfu walikufa. Kasri lilikwisha, Casa da Índia ilikwisha pamoja na nyaraka zake.

Waziri wa mfalme, anayejulikana zaidi kwa cheo alichopewa baadaye cha Marquês de Pombal, akaamuru mji usimamishwe upya kwa mitaa iliyonyooka na nyumba za mtindo mmoja. Ndani ya kuta wakaweka kiunzi cha mbao zilizopishana mshazari, kitu wanachokiita gaiola, yaani tundu, kama tundu la ndege, ili nyumba ikitikiswa icheze bila kuporomoka. Inasimuliwa kwamba walijenga mfano wake wakawaita askari wapige kwata kuuzunguka, kuona kama utastahimili. Mhandisi wangu alisimama mbele ya jengo la kawaida kabisa, lenye duka la soksi chini, akaligonga ukuta kwa kiganja kama mtu anayekagua fenesi. “Mama, hebu fikiria, mwaka 1755!” Miaka minane ya ndoa, na sikumbuki lini mara ya mwisho nilimsikiliza akieleza kazi yake kwa dakika kumi bila kutazama saa. Nyumbani ananieleza nikiwa napika. Pale sikuwa na sufuria.

Mitaa ya Baixa ilipewa majina ya mafundi na wafanyabiashara wake: mtaa wa dhahabu, wa fedha, wa washona viatu, Rua dos Sapateiros. Kama bibi yako ni wa pwani, neno sapatu si geni kwake.

Largo de São Domingos, karibu na uwanja wa Rossio, ndiyo sehemu ya kwanza aliyoiongezea muda. Kanisa lake liliungua mwaka 1959, na walipolifungua tena hawakuficha majeraha: nguzo bado zimemeguka na kuta zina rangi ya mkaa uliozimwa. Nje ya kanisa kuna jiwe la kumbukumbu ya Wayahudi waliobatizwa kwa nguvu kisha wakauawa kwa maelfu mitaani mwezi Aprili 1506. Na kwenye kiwanja hicho hicho, leo hii, utawakuta Waafrika. Wazee wa Guinea-Bissau wakipiga soga na akina mama wakiuza korosho na karanga kwenye beseni. Yule mama wa Cape Verde akatuambia kwamba hapo ndipo unapokuja ukitaka habari za nyumbani. Katika kanisa hilo, karne nyingi zilizopita, Waafrika wa Lisbon, watumwa kwa walioachwa huru, walikuwa na chama chao cha kidini cha Bikira Maria wa Rozari. Mimi nilidhani Waafrika wa Ulaya ni habari ya juzi.

Nachingwea na Largo do Carmo

Kupanda kwenda Carmo ni shughuli. Lisbon husemwa ina vilima saba. Magoti yangu yalihesabu kumi na saba. Juu kuna magofu ya kanisa la watawa wa Karmeli, ambalo paa lake lilianguka siku ya tetemeko na halikurudishwa, ndege wanapita kati ya matao. Mbele yake kuna kiwanja kidogo chenye miti na meza za kahawa, na kambi ya askari. Ungepita bila kugeuka.

Tarehe 25 Aprili 1974, baada ya nyimbo mbili kupigwa redioni kama ishara, maofisa vijana wa jeshi waliingia mjini na vifaru. Ndani ya kambi hii alijifungia Marcelo Caetano, waziri mkuu wa udikteta uliokuwa umetawala kwa miaka 48. Nje alikuwa kapteni Salgueiro Maia na askari wake, na umati wa watu waliowachomekea mikarafuu mwekundu kwenye mitutu ya bunduki (ni maua, si karafuu zetu za Pemba). Jioni Caetano akasalimu amri. Na kilichowachosha maofisa hao ni nini? Vita vya Angola, Guinea-Bissau na Msumbiji. Msumbiji peke yake walikuwa wamepigana tangu 1964.

Hapo mimi ndiye niliyenyanyua mkono. Nikamwambia mama yangu alikulia Nachingwea, na FRELIMO, iliyoundwa Dar es Salaam mwaka 1962, ilikuwa na kambi yake ya mafunzo hukohuko. Alikuwa akiwaona wale vijana wakipita, wakiimba alfajiri.

Dada akanyamaza. Kisha akasema babu yake alichukuliwa jeshini kwa lazima akapelekwa kaskazini mwa Msumbiji miaka miwili. Mpaka leo hasimulii chochote isipokuwa habari za maembe. Tukacheka kidogo, wote wawili, kicheko cha mtu asiyejua aweke wapi mikono. “Kwa hiyo mama yako aliwaona wakienda,” akasema, “na babu yangu aliwaona wakifika.” Yule mzee wa Kijerumani akavua kofia, sijui kwa nini, akaishika mkononi mpaka tulipoanza kuteremka.

Ni mazungumzo ya dakika tano. Kwenye kitabu cha watalii hayapo.

Viatu, viza na mengineyo

Nivute pumzi hapa niwape ya muhimu, maana najua kuna watakaonitumia ujumbe. Kina dada, acheni visigino hotelini. Barabara za Lisbon zimetandikwa vijiwe vidogo vyeupe na vyeusi, vinapendeza sana kwenye picha, na vinateleza kama sabuni hata bila mvua. Chagua matembezi ya asubuhi, kabla jua halijawa kali. Kabla ya kulipa uliza mambo mawili tu: mwisho ni watu wangapi, na mwongozaji anazungumza lugha gani. Wakikwepa swali la kwanza, achana nao. Yapo pia matembezi yanayotangazwa kuwa ya bure, mwisho wake unatoa bahasha kwa hiari. Si mabaya, ila idadi huwa ni ile ya mwavuli.

Viza ni ya Schengen. Tangu Juni 2024 ada kwa mtu mzima ni yuro 90, na lazima uwe na bima ya safari inayofikia yuro 30,000. Unaweza kuomba kuanzia miezi sita kabla ya safari, na si chini ya siku kumi na tano. Usingoje hizo siku kumi na tano.

Na kwa wapendanao, neno moja la kimtindo: msitembee mmegandana kama mko kwenye foleni ya benki. Achaneni kidogo. Mwache mwenzio azungumze na Mjerumani, wewe kaa na Mbrazili, mkutane kwenye kona na habari mpya za kupeana. Watu mnaoishi nyumba moja habari mpya ni adimu.

Jibu la swali

Tulimalizia Alfama, mtaa wa zamani wa vichochoro na nguo zilizoanikwa dirishani. Jina ni la Kiarabu, kutokana na chemchemi za maji moto, kwa sababu Waislamu waliutawala mji huu kwa karne kadhaa mpaka 1147. Vichochoro vyake vinajipinda kama vya Mji Mkongwe. Mume wangu na mantiki yake walinyamaza kimya. Pale Santa Luzia, kwenye ukuta wa kanisa, kuna picha kubwa ya vigae vya buluu inayoonyesha Terreiro do Paço kabla ya tetemeko: kasri, meli, watu wadogo wadogo. Tulikoanzia asubuhi, kabla hapajaanguka.

Hapo dada akamgeukia mume wangu na kuitoa ramani ya karatasi. Mwaka 1502 Vasco da Gama, safari yake ya pili, alitia nanga Kilwa na mizinga, akamlazimisha mtawala, Amiri Ibrahim, alipe kodi ya dhahabu: mithkali 1,500, zaidi ya kilo sita kwa vipimo vya leo. Mwaka 1505 wakarudi na kuuteka mji kabisa. Ile dhahabu ya kwanza mfalme Manuel aliagiza itengenezwe monstransi, kile chombo cha kuonyeshea Ekaristi Takatifu, kwa ajili ya monasteri ya Jerónimos kule Belém. Ilikamilika mwaka 1506. Haikuyeyushwa, haikupotea. Iko Makumbusho ya Taifa ya Sanaa ya Kale, mtaa wa Janelas Verdes.

Akatuchorea njia kwa kalamu, ipite Rua do Poço dos Negros. Maana yake ni mtaa wa shimo la watu weusi: mwaka 1515 mfalme huyohuyo aliagiza lichimbwe shimo la kutupia maiti za watumwa, kwa sababu zilikuwa zikiachwa hovyo na kunuka. Leo ni mtaa wa migahawa. Tuliupita bila kuzungumza, na bila kugombea ramani pia.

Monstransi ya Belém si kubwa kama nilivyotarajia. Ni chombo kirefu chembamba, kimechongwa kwa ufundi unaotia kizunguzungu, na mitume kumi na wawili wa dhahabu na rangi wamepiga magoti duara. Aliyeifua ni sonara Gil Vicente. Chini, kuzunguka kitako, kuna maandishi yanayosema mfalme aliifanyiza kwa dhahabu ya kodi ya Quilua. Hawakuficha. Waliandika kwa herufi za mapambo.

Mume wangu aliinama akazunguka kioo mara mbili mpaka akalipata hilo neno. Sikumsemesha. Naijua mishipa ya shingo yake ikisimama. Watu walikuja, wakapiga picha, wakaondoka. Mmoja akamwomba asogee kidogo, akasogea, kisha akarudi palepale. Baadaye akaipiga picha na kumtumia mama yake Kilwa, na maelezo marefu ya sauti, mwaka, mfalme, mithkali, kila kitu.

Jibu liliingia tukiwa nje kwenye bustani inayotazama mto. Akaliweka kwa sauti ya juu ili na mimi nisikie. Kwanza mama mkwe alisalimia, akauliza kama tunakula vizuri na kama baridi haitusumbui. Kisha akasema ameiona picha, mashallah, kitu chenyewe kizuri. “Lakini mwanangu, mbona kidogo hivyo? Hizo nyingine wameweka wapi?”